Sentensi Niliyoikata

Mwanangu Nasri,

Najua utacheka. Dada wa miaka kumi na tisa anamwita mdogo wake wa miaka kumi na tatu mwanangu. Lakini wewe ndiye uliyeanza. Mama alipofariki ulikuwa na miaka mitatu, mimi tisa, na haukupita mwezi ukaja jikoni, ukanishika gauni, ukaniita Mama. Bibi, Mungu amrehemu, akasema mwache. Tangu hapo mpaka leo ukiwa radhi nami unaniita Mama, ukikasirika ndiyo unaniita Rahma.

Baba kakupeleka kwa kinyozi, kisha mtapita kuaga mtaa mzima wa Bawshar, kwa hiyo nna muda mpaka magharibi. Ndege yenu ni kesho asubuhi. Mambo ya sanduku, ya mswaki, ya namna ya kumwamkia Ami Suud huko Mombasa, sikuandikii. Baba keshakwambia mara tatu na atakwambia tena kwenye gari. Mimi kusema siwezi, wewe unanijua. Mgeni akija najifungia chumbani mpaka viatu vyake viondoke mlangoni. Mwalimu akiniuliza jambo ninalolijua vizuri, nainamisha kichwa kama sijasikia. Kuandika naweza. Na hili limekuwa kwangu miaka mitano, tunakula sinia moja mimi na wewe, na kila siku nasema leo, halafu nakupa nyama yangu badala ya kusema.

Jumatano iliyopita nilikuwa naanika nguo juu ya paa. Ulikuwa chini ukutani na Said, mtoto wa jirani. Akakuuliza kwa nini unapelekwa Mombasa. Ukamwambia kwa sababu umemvunja Badr jino. Akakuuliza Badr alikufanya nini. Ukasema, "Kaniita hanithi mbele ya darasa." Nikadhani mmeondoka, nikakusikia tena: "Lakini mimi nshamuuza mtu, Said. Nilipokuwa mdogo. Nilimwonyesha kwa kidole." Said akacheka. Alidhani masihara.

Shuka lilikuwa mkononi mwangu linachuruzika, nikaliacha likalowesha miguu yangu yote.

Hukumuuza mtu, Nasri. Soma hilo kwanza, hata kama utaichana barua kabla hujafika mwisho. Ulikuwa na miaka minane.

Sijui unamkumbuka Mabruka kiasi gani. Nyumba yake ilikuwa ile ya udongo karibu na mfereji, Bawshar ya zamani, mlango wa bluu uliochubuka. Kwenye karatasi za serikali jina lake Mabruk. Mtaani wanawake wote wakisema Mabruka. Alivaa kanzu za rangi, ya waridi, ya manjano ya ndizi mbivu, kazibana kiunoni, na nywele zake zilifika mabegani, zina mafuta, zinanukia. Hakuvaa buibui wala hakuvaa kilemba. Ilikuwa ikifika harusi, wanaume wanakaa kwao, wanawake kwao, na Mabruka anaingia kwa wanawake na hakuna anayejifunika. Yeye ndiye anayempaka hina bibi harusi. Yeye ndiye mpishi, na yeye ndiye mwenye ngoma. Nimemwona akikoroga sufuria ya wali wa watu mia mbili kwa mkono mmoja, mkono wa pili anamtisha mtoto anayeiba zabibu.

Kwa Kiswahili hatukuwahi kuulizana. Yeye ni yeye. Mabruka kaja, Mabruka kaondoka, mwulizeni yeye. Shuleni, kwa Kiarabu, huwezi kusema "kaja" ukaishia hapo. Lazima useme kaja wa kiume au kaja wa kike, vinginevyo sentensi haitoki. Mimi nilikuwa nikirudi shule namkuta kwenye kibaraza chetu anachambua mchele na Bibi, nikimwamkia kwa Kiarabu nababaika katikati ya neno, yeye anacheka. "Sema tu Kiswahili, mwanangu, tupumzike sote wawili."

Na wewe ulimpenda. Ulikuwa ukitoka madrasa moja kwa moja kwake. Alikufundisha chapuo, ile ngoma ndogo. Alikufunga leso kiunoni, ukawa unapiga na kutikisika, wanawake wanakutupia peremende. Ulikuwa ukirudi nyumbani umejaa jasho na kicheko. Nilikuwa nikikuona hivyo nafurahi, halafu naogopa, halafu nafunga dirisha upande wa chumba cha Baba.

Sasa nikwambie ya mkutano.

Ilikuwa miaka ile wanawake ndiyo kwanza wameanza kuruhusiwa kugombea Shura, baraza la nchi. Bi Asila, yule mwenye villa yenye malango mawili, alikuwa na nia ya kusimama siku moja, na hakuificha. Lakini kwanza alitaka jumuiya ya wanawake wa mtaa, iwe na chumba chake na jina lake, na ofisi ya serikali ilimtaka orodha. Majina ya wanawake, kwa Kiarabu, kwa mwandiko unaosomeka. Kina mama wetu wengi walizaliwa Unguja, wengine Bujumbura, Kiarabu chao ni cha msahafu na cha sokoni. Wanawake wa Bawshar ya zamani nao Kiswahili hawana. Mimi nilikuwa na miaka kumi na minne, mwandiko mzuri, lugha mbili. Bi Asila akamwambia Baba, "Niazime Rahma." Nikaazimwa kama sufuria.

Kina mama wakakutana sebuleni kwa Bi Asila, nami nikakaa chini karibu na miguu yake na karatasi mapajani. Kazi yangu ilikuwa kuandika na kutafsiri: Bi Zayana na wenzake wa Bawshar ya zamani wakisema, niwageuzie kina mama, kina mama wakisema, niwageuzie wao. Unamkumbuka Bi Zayana, yule bibi kizee mwenye pete mpaka kidole gumba. Mambo yalikwenda vizuri. Majina yakaingia moja moja, watu wanatafuna halua. Mpaka Bi Zayana akasema, "Andika na Mabruka."

"Mabruka yupi?" Bi Asila akauliza.

Bi Thuraya, mmoja wa kina mama wetu, akadakia, "Kwani wewe unao wangapi?"

Wakacheka. Bi Asila hakucheka. "Hii orodha ya wanawake."

"Na mkweo nani aliyemvisha siku ya harusi?"

"Harusi ni harusi, Thuraya, na serikali ni serikali. Nikipeleka jina hili, wale wanaume pale ofisini wataniambia, Asila, hata mwanamke humjui ni nani, unataka Shura ukafanye nini?"

"Basi tuambie sisi. Mwanamke ni nani?"

"Mwanamke ni mwenye kuzaa."

Bi Thuraya alikuwa na miaka kumi na tisa kwenye ndoa bila mtoto. Akanigeukia taratibu. "Rahma, mwanangu, nifute."

Kalamu ilikuwa hewani.

"Mimi sikukukusudia wewe," Bi Asila akasema.

"Ulimkusudia nani? Humu asiyezaa si ni mimi peke yangu?"

Mwingine akasema basi tuseme mwenye kuingia hedhi. Nikamgeuzia Bi Zayana, uso umenipata moto, na Bi Zayana akacheka mpaka akakohoa, akasema yake ilikatika kabla Bi Asila hajazaliwa, je akakae na wanaume? Wananuka. Nikatafsiri, chumba kizima kikaanguka kwa kicheko. Mwingine akasema yakhe, mwanamke ni yule Mungu kamuumba mwanamke, khalas. "Na Mabruka kaumbwa na nani, na Yusufu fundi bomba?" Kicheko tena. Nasri, ilikuwa inakaribia kupita. Sentensi mbili tatu zaidi za masihara na ningeliandika lile jina.

Bi Asila aliliona hilo. Akaweka kikombe chini. "Chekeni. Wapo watoto wanaoshinda kule kwake. Huyu mdogo wake Rahma nimemwona juzi kwa macho yangu, kajifunga leso, anakata kiuno. Mtoto hana mama. Leo leso, kesho tutamwita nani? Naye tumwandike humu?"

Wote wakanitazama. Mimi, ambaye mtu mmoja tu akinitazama natafuta pa kujificha, nilitazamwa na wanawake ishirini kwa mpigo. Na nilijua kitu ambacho wao hawakukijua, kwamba Baba alikwishasema nyumbani, "Nikimwona tena na ile leso nitamvunja miguu." Nilitaka kitu kimoja tu, macho yale yaondoke kwako.

Hapo Bi Zayana akasema. Alisema taratibu, kwa Kiarabu cha kwao, na alinishika bega wakati anasema. Nakuandikia yote kama alivyosema, maana sijawahi kumwambia mtu: "Huyu ni khanithi wetu. Mama yake alikuwa jirani yangu, alimzaa hivi, na bibi zetu walikaa na watu kama hawa jikoni toka zamani, hawakuwaonea haya wala hawakuwaogopa. Mikono yake imewatia hina binti zenu. Mkimtoa yeye kwa wanawake mnampeleka wapi?"

Neno lile kwa Kiarabu cha Bawshar ya zamani si sifa, nisikudanganye, lakini ni jina la mtu mwenye mahali pake pa kukaa. Ukilivusha likaingia Kiswahili chetu, linakuwa tusi la kupigania. Wewe unalijua kuliko mimi, Badr kalilipa kwa jino. Mimi nilizijua lugha zote mbili. Ndiyo sababu niliazimwa.

Nikasema, "Bi Zayana anasema huyo ni hanithi."

Nikaishia hapo. Maneno yote yaliyobaki nikayameza.

Chumba kikapiga ukelele. "Subhanallah! Kasema mwenyewe!" "Jirani yake wa miaka yote!" Bi Asila akaegemea mto wake kama mtu aliyeshusha mzigo. Na Bi Zayana, jamani, Bi Zayana aliona watu wameguswa, akadhani nimefikisha yote. Akanipapasa bega, akatabasamu.

Macho yaliondoka kwako. Hilo nililipata.

Siku tano baadaye, neno lile limekwisha kuwafikia wanaume, ilikuwa harusi kule Hail. Jiko lilikuwa nyuma ya nyumba, kibanda cha mabati, na Mabruka alikuwa humo na masufuria tangu alfajiri. Ilikuwa baada ya alasiri. Mimi nilikuwa ghalani nahesabu sahani, mlango uko wazi, nawaona. Wewe ulikuwa umekaa kwenye ngazi na kipande cha halua. Wakaja wanne. Khalfan mtoto wa Bi Asila, binamu zake wawili, na Baba. Baba ana bakora yake, ile ya siku za Iddi.

Baba alikuinamia akakuuliza, kwa sauti nzuri kabisa, "Baba, Mabruka yuko wapi?"

Ukanyoosha kidole jikoni. Ulikuwa unatabasamu. Ulidhani anataka chakula.

Nitakwambia niliyoyaona, kwa sababu wewe uliyaona nusu, na nusu uliyoyabuni kwa usiku wa miaka mitano huenda ni mabaya zaidi. Walimtoa kwa nywele. Khalfan alizizungusha mkononi kama kamba ya ndoo. Mabruka alikuwa na upawa bado mkononi na alisema, "Wali utaungua, jamani, subirini," kwa sababu hakuelewa bado. Bakora ya kwanza ilimpata mdomoni. Alikaa chini. Wakampiga kwa mpira wa maji, ule mnene, mgongoni na mapajani, kanzu ya manjano ikachanika, na kila pigo Khalfan anasema, "Sema wewe ni nani! Sema!" Walitaka aseme mimi ni mwanamume. Alitema damu na jino akasema, "Mimi Mabruka. Nimekupikia akika yako, Khalfan." Khalfan alichukua mkasi wa kukatia samaki akamkata nywele, na sikio likakatwa pembeni, sijui kwa kusudi au kwa kuwa Mabruka aligeuka. Alipojikinga uso kwa mikono, Baba akapiga mikono. Nilisikia vidole. Sauti yake ni ndogo, kama kuni changa. Nilikuwa mbali hatua kumi na niliisikia.

Wanawake walikuwa wamejaa mlangoni. Hakuna aliyeshuka ila Bi Thuraya, akasukumwa akaangukia masufuria, mkono ukaungua mpaka kiwiko. Na Bi Zayana. Alikuja na miguu yake mibovu, akajitupa juu ya Mabruka, akaanza kupiga kelele kwa Kiarabu.

Baba akasimama. Alikuwa anahema. "Wewe mwenyewe ndiye uliyesema! Mbele ya wanawake wote! Umesema ni hanithi!"

"Nilisema wetu!" Bi Zayana alilia kwa Kiarabu chake. Kiswahili hana, lakini neno lile alilisikia. "Nilisema khanithi wetu, nilisema tumekaa nao! Muulize mwanao! Muulize aliyetafsiri!"

Wote wakageuka. Mara ya pili katika wiki moja, wote wakanitazama. Baba akasema, "Rahma. Alisemaje?"

Bakora ilikuwa chini, ncha yake imegusa mchanga. Mpira wa maji ulikuwa chini. Hata Khalfan alikuwa amesimama. Mabruka alinitazama kwa jicho moja, la pili lilikuwa limefunga. Nilikuwa na sentensi yote kichwani, kila neno, na pale hapakuwa na mtu wa kuikata ila mimi.

Nikasema, "Sikumbuki."

Wakamvuta Bi Zayana pembeni wakaendelea.

Sitaandika waliloendelea nalo. Lilikuwa lile lile, kwa muda mrefu zaidi. Baadaye wanaume walikula ule wali. Uliungua chini kidogo, mmoja akalalamika.

Hospitali waliambiwa kaangukiwa na sufuria. Hakuna aliyekwenda polisi. Ndugu yake wa kike akaja na gari akamchukua, akampeleka kwake Yiti, na nimesikia yupo hai, vidole viwili havikunji, sikio moja halisikii vizuri, ngoma hapigi. Nyumba ya mlango wa bluu ilivunjwa. Orodha ya Bi Asila niliinakili upya, safi, na akanipa saa ya mkononi. Bi Thuraya alikataa jina lake liandikwe, akasema yeye hazai. Jioni ile Baba alinipa bakora niioshe, na niliiosha, Nasri. Niliiosha vizuri, kwa mswaki, kwenye yale maua yaliyochongwa juu. Nilikuwa mtoto msikivu.

Na wewe ulinyamaza. Wiki mbili hukusema neno. Ukaanza kukojoa kitandani, na Baba akawa anakupiga mshipi kila asubuhi, na mimi nikawa naamka kabla ya swala nibadili shuka lako asilione, na siku nyingine nilichelewa. Siku ulipoanza kusema tena ulikuwa bafuni, nakumwagia maji, una alama mgongoni, ukaniuliza, "Mama, mimi ndiye nilimwonyesha?"

Nikasema, "Nyamaza, yamekwisha."

Hilo ndilo kosa langu kubwa kuliko yale mawili. Nilipoikata sentensi ya Bi Zayana nilikuwa na hofu. Niliposema sikumbuki nilikuwa na hofu. Lakini pale bafuni hapakuwa na mtu. Ulikuwa wewe tu na ndoo. Ningeweza kukwambia si wewe, ni mimi, na ungelala usiku ule. Nilikuacha uuchukue mzigo kwa sababu nilikuona umekwisha kuuchukua, na mikono yangu ikawa mitupu, na nikaona raha. Ndiyo, raha. Nakuandikia neno lenyewe.

Toka hapo nimekuona unakua na ngumi. Mtoto aliyekuwa akitikisika kwa chapuo sasa anatembea mabega yamekaza. Ulimpiga mtoto wa Kibalushi kwa sababu kacheka. Ulimpiga paka. Badr ulimpiga kwa jiwe mkononi, na mama yake alipokuja hapa na lile jino kwenye leso, nilimwona Baba usoni, na alikuwa, kwa siri, anafurahi. Hapo nikaogopa kuliko siku zote. Anakupeleka kwa Ami Suud ukabebe vyuma dukani, "Arudi mwanamume." Mimi naona wanaume wanne niliowaona wakiingia jikoni, na wakati mwingine, ukiwa umekasirika, naona wa tano anakuja.

Sikwambii usipigane. Sina uso wa kukwambia. Nakwambia tu, siku utakapokuwa na ngumi tayari, jiulize ni nani unayetaka kumwonyesha kwamba hukuwa wewe. Kama ni mimi, mimi najua. Huko Mombasa neno lile lipo pia, utaitwa, na utakutana na watu ambao wenzio watataka kujua ni wa kuwekwa upande gani. Watakuuliza wewe, kwa sababu ni mgeni na wanakupima. Unaweza kusema sijui. Unaweza kusema huyo ni jirani yangu. Hayo yote ni Kiswahili safi. Mimi sikuyajua nilipokuwa na miaka kumi na minne, au niliyajua nikaona ni marefu.

Na kama moyo wako wewe mwenyewe una kitu, cha leso au cha ngoma au cha lolote, mimi siulizi. Nakuita mwanangu, na neno hilo halinitaki nichague.

Limebaki moja, na gari linakaribia kurudi.

Juzi uliniuliza mdomo wangu umefanyaje, nikakwambia mlango wa kabati. Si kabati. Baada ya kukusikia na Said, nilikaa siku tatu, halafu nikaenda chumbani kwa Baba, yeye kakaa anakata kucha. Nikamwambia nimesimama sentensi yote ya Bi Zayana, kwanza kwa Kiarabu, kisha kwa Kiswahili, bila kuacha neno. Nikasema mimi ndiye niliyeikata. Nilitegemea atashangaa. Nilitegemea, labda, atalia.

Hakuacha kukata kucha. Akasema, "Nnajua alivyosema. Bi Zayana alikuwa anapiga kelele kwa Kiarabu pale pale, na mimi Kiarabu nakijua."

Nikauliza, "Basi kwa nini uliniuliza?"

Akasema, "Nilitaka kuona utasimama wapi."

Nikauliza, "Na Nasri? Jiko liko mbele yako, moshi unatoka. Kwa nini ulimuuliza mtoto Mabruka yuko wapi?"

Hapo ndipo alipoinua kichwa. Akasema, "Ili awepo. Ili awe kashiriki na yeye, asirudi tena kule." Nikamwambia neno, silirudii, ni mara yangu ya kwanza kumwambia Baba neno kama lile, na akanipiga kwa nyuma ya mkono.

Kwa hiyo hilo ndilo lililotokea. Mpishi yuko jikoni, Nasri, kila mtu pale Hail alijua. Hawakukuhitaji. Walikuja na njia wanaijua, na wakakusimamisha njiani wakaazima kidole chako, kama walivyoazima ulimi wangu. Tofauti ni kwamba mimi nilijua ninachotoa.

Nimesikia mlango wa gari. Barua naitia ndani ya shati la kijivu, chini kabisa ya sanduku, hutalifikia mpaka ukiwa peke yako. Kesho uwanja wa ndege nitakuwa kimya kama kawaida, na Baba atakuwa kati yetu. Usinitazame sana, nitalia. Ukifika, niandikie. Anza na jina lolote unalotaka, hata ukiniita Rahma.

Aliyekulea,
Rahma